Ngeli za Kufunga Gemu: Utafiti wa Awali, Kutoka Muyeye hadi Mnarani

Watengenezaji wa mashine za gemu wameligawa suala la kufunga gemu katika mafungu matatu, na mgawanyo wao una kasoro tangu msingi. PlayStation 5 hukuuliza kama unataka ipumzike, izimike, au ijiwashe upya; ukipekua zaidi utaona pia nafasi ya kuifunga gemu yenyewe huku mashine ikiendelea kuwaka. Huo ni uainishaji wa mtu anayekaa peke yake sebuleni, ambaye stima yake haikatiki na mama yake anaishi mji mwingine. Huku kwetu, kati ya Malindi na Kilifi, gemu huchezwa zaidi katika kibanda cha mabati chenye mashine mbili, benchi moja, na watazamaji ambao kila mmoja ni kocha. Kibandani humo hakuna anayeulizwa anataka nini.

Napendekeza basi tuuweke kando mgawanyo wa kiwandani. La kuchunguza ni nani aliyeifunga gemu, na kwa uchunguzi wa namna hiyo tuna chombo ambacho kila mtoto aliyepita shule ya msingi nchini amechapwa kwa ajili yake: ngeli.

Ngeli ya KU tuimalize haraka. Humu mna kufunga kwa hiari: mchezaji amemaliza mechi, amehifadhi, amesubiri alama ya kuhifadhi itoweke, ameifunga gemu, ameizima mashine na kumpa mwenzake pedi kwa mkono wa kulia. Ngeli hii inatajwa katika vijitabu vya maelekezo. Ushahidi wa uwandani ni haba.

Ngeli yenye wafuasi ni A-WA, ya viumbe vyenye uhai, na kiongozi wake ni mama. Mara ya kwanza huita kwa jina, na mwana hujibu "Naam!" kwa sauti ya mtu aliyekwisha kusimama, ilhali yuko pale pale kitini. Mara ya pili huita kwa jina la mwana pamoja na la babake. Mara ya tatu haiti, huja. Wala hahangaiki na vitufe. Soketi zetu, kwa urithi wa Mwingereza, zina swichi ukutani, na swichi ile haimuulizi mtu kama ameshahifadhi. Hoja ya mwana kwamba mechi ya mtandaoni haisimamishwi hivi hivi, kwa sababu mwenzake yuko Dubai anangoja kupiga kona, haijawahi kukubaliwa na baraza lolote la akina mama kuanzia Mtwapa hadi Mambrui.

Mwenye kibanda yumo katika ngeli hiyo hiyo lakini ana mbinu zake. Zama za PlayStation 2 pedi zilikuwa na waya, na muda wako ukiisha alichomoa waya bila kusema neno, hata kama ulikuwa umebaki wewe na golikipa tu. Pedi za leo hazina waya. Kwa hiyo mwenye kibanda husimama mbele ya televisheni na kuanza kuhesabu chenji, polepole, na mgongo wake huifunga gemu barabara kuliko programu yoyote. Chifu naye ana athari tofauti: akionekana tu kwenye kona saa za shule, watoto wenye sare hutokea mlango wa nyuma, gemu isifungwe na mtu. Mechi hubaki ikienda bila mwenyewe, mabeki wa Arsenal wakimkodolea macho mshambuliaji asiye na habari kwamba ametorokwa. Baadhi ya wataalamu wa benchi wanadai hilo ndilo pambano la haki zaidi ambalo Arsenal wamepata humo.

Muadhini ni mwanachama wa pekee wa ngeli hii, kwa kuwa yeye hafungi bali husitisha. Katika vibanda vilivyo karibu na msikiti, adhana ya magharibi ikianza sauti hushushwa na mechi husimamishwa. Anayekwenda kuswali huacha pedi kitini kuonyesha kwamba nafasi ina mwenyewe, na wanaobaki hulinda mabao yasibadilike. Sijaona mfumo wa kiwandani unaoufikia huu. Kila mtu anajua gemu imelala kwa sababu gani, itaamshwa lini na nani, na hakuna aliyechajiwa dakika zile. Ukitaka kumjua mchezaji mwenye tabia njema, mtazame akirudi kutoka msikitini huku amefungwa tatu bila, kisha uone kama atadai hakumbuki matokeo.

Nimemweka mwisho wa ngeli hii mwanachama mwenye utata. Tarehe 7 Juni 2016 tumbili alipanda juu ya paa la kituo cha umeme cha Gitaru, kwenye mto ule ule wa Tana ambao humwaga maji yake baharini kaskazini mwa Malindi. Akaangukia transfoma. Transfoma ikajizima, mitambo mingine ikalemewa, zaidi ya megawati 180 zikapotea, na nchi nzima ikakosa stima kwa saa kadhaa. Kampuni ya KenGen ilitoa taarifa kwamba tumbili alinusurika na kukabidhiwa Shirika la Huduma kwa Wanyamapori. Kwa kadiri ya utafiti huu, hakuna kiumbe mwingine aliyefunga gemu nyingi kwa mpigo mmoja hapa Kenya, naye hakuwa hata na pedi. Je, tukio hili ni la A-WA kwa sababu ya tumbili, au ni la I-ZI kwa sababu ya stima? Rai yangu ni kwamba kisarufi mtendaji ni tumbili, lakini aliyelaaniwa kibandani ni stima, na sarufi ya kibanda hufuata laana.

Ndivyo tunavyoingia ngeli ya I-ZI, ya stima na tokeni, ambayo ndiyo moyo wa somo lenyewe. Ili kuielewa lazima ujue kwamba gemu iliyositishwa haiko mahali imara. PlayStation 4 ilitoka Novemba 2013, lakini uwezo wa kuisitisha gemu katikati na kuirejea pale pale ulikuja Machi 2015, kwa toleo la 2.50 la programu yake. Mashine inapopumzika huwasha taa ya rangi ya chungwa, na gemu hubaki katika kumbukumbu ya muda, ile inayohitaji umeme kidogo kila sekunde ili isisahau. PlayStation 5 hufanya vivyo hivyo. Taa ya chungwa basi ni ahadi yenye sharti, na sharti lenyewe limeandikwa kwenye mita. Walioifurahia ahadi hiyo Machi 2015 walikuwa na miezi isiyotimia kumi na mitano kabla ya tumbili.

Wenye Xbox Series X na S, zilizotoka Novemba 2020, watasema mbona mashine zao huinakili hali ya gemu kwenye hifadhi ya kudumu, hata ukichomoa waya gemu kadhaa hurejea zilipoachwa. Ni kweli. Nintendo Switch nayo ina betri tumboni, haijali giza. Mtu angedhani ndizo zingetawala pwani. Lakini kibanda hufuata mashine ambayo fundi wa mtaani anaijua, na fundi anaijua PlayStation.

Stima ikipotea katikati ya mechi hutokea swali la kifiqhi ambalo limezaa madhehebu mawili. Dhehebu la kwanza linashika kwamba matokeo husimama kama yalivyokuwa giza lilipoingia, na anayeongozwa alipe. La pili linashika kwamba mechi isiyopigiwa kipenga cha mwisho haikuwahi kuwapo, hivyo hurudiwa kutoka sufuri na pesa haidaiwi. Nilijaribu kuchora ramani ya madhehebu haya kwa mitaa, Shella huku, Barani kule, na Mnarani ng'ambo ya daraja la Kilifi. Ramani ilikataa. Dhehebu la mtu halitegemei mtaa wake, linategemea mabao. Mtu huyo huyo ameonekana akitetea dhehebu la kwanza saa moja jioni akiongoza, na la pili saa mbili kasoro akiwa amefungwa, tena kwa ufasaha ule ule na dalili zile zile.

Lazima hapa tutenganishe stima na tokeni, ingawa wote ni jamaa wa ngeli moja. Stima ikipotea, mtaa mzima huguna pamoja na hakuna wa kulaumiwa karibu. Tokeni zikiisha, ni kibanda kimoja tu kilicho gizani huku jirani akikaanga viazi karai chini ya taa. Mita ilikuwa ikilia tangu adhuhuri na mwenye kibanda akaifunika kwa kitambaa. Sasa nambari ishirini za tokeni zinabonyezwa na kijana anayesomewa na mwenzake kwenye simu, na ya kumi na saba hukosewa. Katika kundi hili dogo madhehebu yote mawili huungana kwa mara ya kwanza: gemu irudiwe, na mwenye kibanda ndiye alipe.

Usiku wa Ijumaa, 25 Agosti 2023, stima ilipotea karibu nchi nzima na katika sehemu nyingi haikurudi hadi kesho yake. Mashabiki wa Chelsea waliteseka mara mbili. Gemu zao zilifungwa, na usiku ule ule kule London timu yao halisi ilikuwa ikiifunga Luton mabao 3-0, ushindi wake wa kwanza wa ligi msimu ule, bila wao kuuona.

Kuhusu KI-VI, ngeli ya kifaa kujifunga chenyewe, kuna jambo moja tu la maana. Machi, kabla ya mvua za masika, mashine huandika kwenye skrini kwamba ina joto mno na izimwe hadi ipoe. Ndiyo maana feni ya kibandani huelekezwa kwenye mashine na wala si kwa wateja. Mteja akilalamika huambiwa kwamba yeye akipata joto hajizimi.

Kusitisha kwenyewe, kule kwa taa ya chungwa, nimekuweka katika ngeli ya U, pamoja na usingizi na umiliki, kwa kuwa ukitazama kwa makini utaona hayo mawili hayaachani. Gemu yako haiwezi kulala kwenye mashine isiyo yako. PlayStation 4 na 5 hushika gemu moja tu kwa wakati mmoja. Anayekuja nyuma yako akifungua nyingine, mashine humwonya kwamba iliyopo itafungwa na kisichohifadhiwa kitapotea, naye hubonyeza kukubali kabla hujamaliza kuvaa kandambili. Isitoshe, kibandani muda unauzwa. Hakuna mwenye kibanda atakayeiacha mashine ilalie gemu ya mtu aliyekwenda kula ilhali benchi limejaa. Kwa hiyo huo uwezo unaosifiwa zaidi katika mashine hizi, wa kuacha jambo katikati na kulikuta vile vile, ni uwezo wa mwenye nyumba. Mpangaji wa dakika kumi hana.

Katika hili wazee wa PlayStation 2 walitushinda. Mashine yao haikujua kusitisha kitu, ila ilikuwa na memori kadi ya megabaiti 8, na kadi ile ilikuwa ya kijana mwenyewe. Aliitia mfukoni na kutembea nayo mtaani, msimu wake wote wa ligi ukiwa ndani, na angeweza kukihama kibanda kilichomkera akauendeleza msimu kwingine. Leo msimu wake umo ndani ya mashine ya mwenye kibanda, na wakigombana unabaki huko huko.

Ngeli za mahali, PA-KU-MU, ningeziacha lakini eneo letu linanishurutisha. Malindi yenyewe ilisitishwa baada ya Wareno kuhamishia makao yao Mombasa, walikoanza kujenga Ngome ya Yesu mwaka 1593; mji ukafifia, hadi Sultani Majid wa Unguja alipoufufua mwaka 1861. Gede ilifungwa moja kwa moja katika karne ya 17: kuta na msikiti vimehifadhiwa, wachezaji hawakurudi. Na baharini mbele ya Ngomeni yamesimama majukwaa ya San Marco, ambako Waitaliano waliirushia Marekani setilaiti iliyoitwa Uhuru tarehe 12 Disemba 1970, ya kwanza duniani kutengwa mahususi kwa kuchunguza miale ya eksirei angani. Roketi ya mwisho iliondoka hapo Machi 1988. Kituo cha nchi kavu bado kinafuatilia setilaiti, kwa hiyo mtafiti mwangalifu hataandika kwamba kimefungwa. Ataandika taa ya chungwa.

Limebaki jambo moja linalotishia uainishaji wote. Baadhi ya wenye vibanda wameanza kuweka paneli za sola juu ya mabati na betri chini ya benchi, na stima ikipotea mechi haitikisiki. Nilitarajia vibanda hivyo vifurike. Wanaoshinda wamehamia kweli, lakini wanaofungwa wamebaki kule kwa zamani, kwenye stima ya kawaida, ambako mtu aliyefungwa nne bila katika dakika ya themanini bado ana la kutumainia. Na kwa kuwa anayefungwa ndiye anayelipa, wenye sola sasa wanalalamika kwamba biashara ni mbaya.