Wino wa Mwezi kwenye Shuka la Bibi

Ndugu msomaji, kama nawe una mtoto wa miaka kumi na mmoja anayesoma vitabu vinene, ficha ndimu zako.

Mimi sikuficha. Jumamosi ile mke wangu alikuwa akipiga pasi shuka jeupe la mama yake, lile lililodariziwa pindoni ambalo mama husafiri nalo toka Tanga kila anapokuja kwetu, kwa sababu mashuka yetu ya Dar anasema yanawasha. Watoto wanamwita Bibi Jaji. Hakuna shauri linalompita bila hukumu: ugomvi wa majirani, chumvi ya mchuzi, ndoa za watu asiowajua. Nampenda sana mama huyu, na hukumu zake nimezizoea kama joto la Machi.

Basi pasi ikapita mara moja, ikapita mara ya pili, na katikati ya shuka, palipokuwa peupe pe, yakaanza kuchomoza maandishi ya kahawia. Hayakuwa ya Kizungu wala ya Kiarabu. Yalikuwa na matumbo na mikia, na vialama vidogo juu yake. Mke wangu akapiga ukelele. Bibi Jaji akatoka barazani na ungo wake wa mchele. Yeye chuoni amesoma, hati ya Kiarabu haimpi shida. Tena utotoni amekunywa kombe, aya zile zinazoandikwa kwa zafarani kwenye sahani nyeupe, zikaoshwa kwa maji, mgonjwa akanywa. Maandishi yenye nguvu anayajua. Haya yalimshinda. Ungo ukamponyoka, mchele ukatapakaa sebuleni, na kuku wa jirani, ambao mlango wetu wanaujua kuliko wageni, wakaingia kula.

"Baba Profesa! Nani kaniandikia mambo haya?"

Profesa ni binti yangu. Mdogo wake, Katapila, alikuwa chini ya meza tayari, vidole vinanuka ndimu. Yeye alikamua, dada yake akaandika kwa kijiti cha meno. Maji ya ndimu yakikauka huyaoni. Yapate moto, yanageuka kahawia. Profesa alitaka ayaone kwa mwanga wa mwezi, lakini mwezi ulikataa, shuka likarudi kwenye kapu la nguo za kupiga pasi, naye akalisahau.

Kisa ni kitabu cha Tolkien, kile cha pete, ambacho sehemu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1954. Humo mna mlango wa mawe wa Moria. Mbilikimo Narvi ndiye aliyeutengeneza. Alama zake alizichora Celebrimbor, bingwa wa wahunzi wa Eregion, nchi ya Waelfu, jamii ya viumbe wa humo kitabuni. Alizichora kwa ithildin, kitu walichokitoa katika madini ya mithril. Mchana huoni chochote. Hung'aa kwa mwezi na nyota tu, tena baada ya kuguswa na mtu anayetamka maneno ya zamani. Neno la kuufungulia mlango ni *mellon*, maana yake rafiki, na limeandikwa palepale juu. Mchawi Gandalf, pamoja na elimu yake yote, alihangaika nalo mpaka usiku ukaingia.

"Na huyo Celebrimbor ni mtu mwema?" Bibi Jaji akauliza. Kuku walikuwa bado wanakula.

Hapo ndipo nyumba ilipogawanyika. Maana Celebrimbor huyuhuyu alimpokea mgeni mzuri wa sura, Annatar, bwana wa zawadi, akajifunza kwake kutengeneza pete. Galadriel alimtilia shaka mgeni yule. Gil-galad alimkatalia nchini kwake. Celebrimbor akamfungulia, na mgeni alikuwa Sauron, adui mkuu wa kitabu, kwa sura ya kujibadilisha. Mke wangu akasema ana hatia: mwenye nyumba ndiye anayejibu kwa mgeni wake. Shemeji, tunayemwita Kesho kwa kuwa kila kitu atakitengeneza kesho, akaahidi kesho ataleta dawa ya madoa.

Mimi nilikwisha kukisoma kitabu kile usiku, watoto wamelala, na nikasema niliyoamini. Mtu aliyeandika "rafiki" juu ya mlango kati ya Waelfu na Mbilikimo, watu wasiopatana, hakufungua moyo kwa ujinga. Ulikuwa ni moyo uleule. Huwezi kumsifu kwa mlango ukamlaani kwa mgeni.

"Alikufaje?" akauliza Bibi Jaji.

Profesa akamsimulia taratibu. Kwamba Pete Tatu alizitengeneza peke yake, mkono wa Sauron haukuzigusa. Kwamba Eregion ilipovunjwa alikamatwa, akateswa. Pete nyingine, zile Saba, alitaja zilipo. Zile Tatu hakuzitaja, mpaka wakamuua, na mwili wake ukachukuliwa vitani mbele ya jeshi, juu ya mti, kama bendera.

Bibi Jaji akakaa kwenye kiti. Kwa muda alitazama shuka.

"Saba alizisema," akarudia. "Aliumia. Mtu angeniambia hakusema hata moja nisingeamini." Kisha akauliza aliyetunga ni mtu wa wapi. Nikamwambia ni Mwingereza, ila alizaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892. "Kumbe alizaliwa huku," akasema, kana kwamba hilo lilikuwa linamsumbua.

"Na hapa mmeniandika nini?"

Katapila akatoa kichwa chini ya meza. "Rafiki, bibi."

Mama akalikunja shuka, maandishi yakiwa ndani, akamkataza binti yake kulitia dawa yoyote. Akaenda nalo chumbani. Mke wangu akanigeukia na fagio: mchele niokote mimi, kuku niwatoe mimi, na kabla ya Magharibi niwe nimefika Kariakoo kununua shuka jeupe la kulalia bibi, la pamba, lisilowasha.