Bendi Tu, Njaa Kidogo

Just a Band ni kundi la Kenya lililoanzia Chuo Kikuu cha Kenyatta na kutoa albamu ya kwanza mwaka 2008, likichanganya fanki, disko na milio ya kompyuta. Jina lake lina maana ya "bendi tu": unyenyekevu unaoomba kusifiwa. Mwaka 2010 video ya "Ha-He" ilimfufua Makmende, mbabe wa masimulizi ya watoto wa Nairobi, naye akavuma kuliko waliomfufua.

Mwaka huohuo mtaa wa Mirdif, Dubai, ulipata jumba kubwa la maduka. Je, bendi kama hiyo ingeweza kuzaliwa huko? Bendi ya wanachuo huhitaji kodi nafuu, majirani wavumilivu na njaa kidogo. Mirdif ina nyumba zenye bustani, na ndege zikinguruma juu ya mapaa. Kelele zipo tele; iliyoadimika ni njaa.