Nkambo wa Mpala Anajibu: Themostati Yenye Njaa

Barua za safari hii zimefika kwa simu, kwa boti ya mizigo kutoka Kalemie, na moja kwa mdomo wa mulamu, yaani shemeji, wa mtu. Nyingi zinalia jambo moja: chombo cha kupima joto kimezimika, na mwandishi amekwisha kumpata mchawi wake. Nkambo, mzee wenu, hapigi ramli. Nauliza tu chombo hicho kinakula wapi.

Nkambo, yambo sana. Mimi ni mzaliwa wa Mpala, Kongo, sasa niko Grand Rapids, Michigan. Mwanangu alikitoa kile kidude cha zamani cha mviringo ukutani, akaweka themostati ya kisasa inayoongea na simu. Mwanzoni ilikuwa sherehe. Baridi ilipokaza, kioo kikaanza kuzimika usiku, Wi-Fi inakatika, na tanuri la kupashia nyumba kule chini linagonga ta-ta-ta bila kuwaka. Mke wangu anasema ni mkono wa jirani. Tufanyeje? — Baba Baridi

Baba Baridi, mwache jirani alale. Kile kidude cha zamani hakikuwa kikila chochote. Ndani kilikuwa na utepe wa chuma uliosokotwa, unaojikunja na kujikunjua joto linapobadilika. Ukicheza, unainamisha kichupa cha kioo chenye zebaki, zebaki inateremka na kuunganisha waya mbili. Basi. Swichi tu, ila yenye kusikia baridi. (Kama bado unacho, usikivunje wala usiwape watoto wachezee. Zebaki ni sumu, na huko kwenu wana mahali pa kuipeleka.) Waya mbili zilikitosha. Ule wa R, ambao kwa kawaida ni mwekundu, ulileta umeme wa volti 24 kutoka kwenye transfoma ya tanuri. Ule wa W, mara nyingi mweupe, uliurudisha kama amri: waka.

Hiki kipya kina kioo, kina redio ya Wi-Fi, kina ubongo unaokesha, na anayekesha lazima ale. Ndiyo maana kina tundu lililoandikwa C: ni la waya wa kurudi, unaowezesha umeme kuzunguka usiku na mchana bila kuliamuru tanuri kuwaka. Nyumba nyingi za zamani hazina waya huo ukutani, kwa kuwa zilipojengwa hakuna aliyeuhitaji. Themostati ya kwanza ya Nest ilipotoka mwaka 2011 ilikuja na ujanja wake: inadokoa. Tanuri likiwa limelala, inapitisha umeme kidogo mno kwenye waya wa W, kiasi ambacho tanuri halipaswi kushtuka, nayo inachajia betri yake ndogo. Nyingine zikafuata njia hiyo hiyo. Lakini matanuri mengine yana usingizi mwepesi. Rilei inasikia kile kidogo, inanyanyuka, inaanguka, inanyanyuka tena. Hiyo ndiyo ta-ta-ta yako. Na usiku wa baridi kali, tanuri likiwaka muda mrefu, nafasi ya kudokoa inakuwa finyu. Betri inashuka, chombo kinaitupa Wi-Fi kwanza ili kiokoe roho, kisha kinazima kioo.

Dawa sasa. Zima swichi kuu ya tanuri. Kabla ya kugusa, si baada ya kutetemeshwa. Bandua uso wa themostati uone waya. Ukikuta nene, zimefungwa vifuniko vya plastiki, au pameandikwa volti 120 au 240, rudisha kila kitu ulivyokikuta na umwite fundi wa umeme. Hiyo ni familia nyingine ya mitambo, na themostati ya volti 24 haina undugu nayo. Ukikuta nyembamba, vuta taratibu ule mkia unaotoka ukutani. Mara nyingi mafundi wa zamani walipitisha waya za ziada wakazikunja nyuma hazina kazi. Ukiupata mmoja, ufunge huku kwenye C na kule kwenye C ya ubao wa tanuri. Wengi hutumia wa buluu, lakini usiamini rangi, amini herufi: fundi aliyeishiwa na buluu alitumia alichokuwa nacho mfukoni.

Hakuna waya wa ziada? Kuna kisanduku kinachofungwa kwenye ubao wa tanuri, kinachofanya waya zilizopo, zikitosha, zibebe kazi mbili. Kampuni ya Ecobee huweka cha kwao katika boksi la baadhi ya themostati zake. Kuna pia transfoma ndogo ya volti 24 inayochomekwa kwenye soketi karibu na ukuta. Haipendezi macho, kwa sababu waya unaning'inia sebuleni, lakini inalisha. Na kama nyumba ni ya kupanga, mwite mwenye nyumba kabla hujashika bisibisi. Hilo nalisema kwa herufi kubwa kwa sababu nawajua wana wa Mpala.

Ikiwa kioo kimekufa kabisa, hata asubuhi hakifufuki, usimlaumu mdokozi. Washa tena swichi kuu, chukua mita, iweke kwenye umeme wa AC, gusa R na C. Ukisoma karibu 24, chakula kinafika, tatizo ni chombo. Ukisoma sufuri, teremka chini. Mlango wa tanuri ukiwa haujafunga vizuri, kuna kiswichi kidogo nyuma yake kinachokata umeme wote. Watu hulipa fundi pesa nyingi aje kuusukuma kwa goti. Angalia fyuzi kwenye ubao, ya ampia 3 au 5, inafanana kabisa na za gari. Ikiungua tena baada ya kubadilishwa, kuna waya mbili zinagusana mahali, na fyuzi ya tatu haitaziachanisha. Angalia pia bomba la maji ya mvuke: likiziba, boya linapanda na kukata umeme ili sakafu isilowe.

Mwambie mke wako nimemsalimu.

Nkambo, nina nganda, baa ndogo, hapa hapa Mpala. Friji langu kubwa la kugandisha nimelifungia themostati ya kidijiti ili lipoze tu bila kupasua chupa. Saa tisa za usiku linazima, namba zinapepesa, asubuhi bia ya Simba ina uvuguvugu na wateja wananicheka. Nimebadilisha themostati mara mbili. — Mwenye Nganda

Mwenye Nganda, umefukuza watumishi wawili wasio na kosa. Umeme wa maji wa Bendera, ule wa mto Kiymbi, unakwenda Kalemie, si kwako. Wewe unaishi kwa jua na betri, na betri hiyo nimeiona. Saa mbili usiku inachaji simu za nusu ya kijiji. Saa tatu mulamu wako anawasha televisheni kwa ajili ya mpira wa Mazembe. Saa tisa kompresa inataka kuanza, na kompresa wakati wa kuanza inavuta mara kadhaa ya inavyovuta ikishakimbia. Volti inaanguka, inveta inajilinda kwa kukata, themostati inakufa pamoja na vyote vilivyo nyuma yake. Inapepesa kwa sababu imefufuliwa ghafla.

Pima betri alfajiri, ikiwa imepumzika. Betri ya risasi ya volti 12 iliyojaa inasoma karibu 12.7, ukikuta 12, imekwisha zaidi ya nusu, na ukiifanyia hivyo kila usiku haitakuzika wewe, utaizika wewe. Kisha friji likianza, pima kwenye ncha za betri, na likianza tena, pima kwenye ncha za inveta. Betri ikisema 12.4 na inveta ikasema 11, waya wako ni mwembamba au mrefu mno, au vishikizo vimeota kutu nyeupe. Nunua waya mnene, ufupishe. Mchana jua likiwa kali, poza madumu ya maji yalale kati ya chupa. Usiku baridi yake ifanye kazi, betri ilale. Na simu zichajiwe mchana. Mazembe mwachie mulamu, ila aje na betri yake.

Nkambo, mimi ni muuguzi. Friji la chanjo tulilopewa lina paneli juu ya paa lakini halina betri hata moja. Chifu wa mtaa anataka tuchomeke simu yake. Pia kile kifaa kidogo cha kurekodi joto kimeanza kuonyesha alama ya betri. — Nesi

Nesi, hapana kwa chifu, kwa heshima zote. Friji za namna hiyo, ambazo Gavi na UNICEF wamezisambaza sana Kongo, zinapeleka umeme wa paneli moja kwa moja kwenye kompresa na kuweka akiba ya baridi katika barafu badala ya betri. Zimeundwa kustahimili angalau siku tatu bila jua la kutosha, chanjo zikibaki kati ya nyuzi 2 na 8. Ukichomoa umeme huko juu bila kifaa maalumu, unakula akiba ya siku ya mawingu. Panda paani ufute vumbi, na kama tawi la mwembe limeanza kutupa kivuli kwenye pembe ya paneli, likatwe: kivuli kidogo kinapunguza umeme kuliko macho yanavyodhani. Kile kifaa cha kurekodi siku 30, betri yake kwa kawaida haibadilishwi. Omba kipya mapema Kalemie, maana boti hazifuati kalenda ya chanjo.

Na kama hili la jua linakuchosha, usilitamani sana friji la mafuta ya taa la zamani. Wanafunzi wawili wa Sweden, von Platen na Munters, walilibuni mwaka 1922, moto unaotengeneza baridi, na lilihudumia misheni nyingi mahali pasipo na umeme. Lakini themostati yake ilikuwa binadamu anayepunguza utambi usiku, na akisinzia, ama chanjo zinaganda ama zinachemka.

Nkambo, naishi Dayton, Marekani. Nataka kumtumia mama yangu themostati ya kisasa Mpala, awe na maisha mazuri. — Mtoto Mwema

Itaunganishwa na nini, mtoto mwema? Mama ana madirisha mawili na upepo wa ziwa. Mtumie mita ya kupimia umeme na waya mnene wa mita kumi. Mwenye Nganda atakuja kuazima.