Nilivyoua Biashara ya Sambusa

Mama Zuhura, mke wangu, hukaanga sambusa za nyama. Huanza alasiri, na ikifika magharibi meza yake ya nje haina kitu ila makombo. Sambusa hizo zimelipa ada za watoto, zimenunua friji, na zimenisitiri mimi mwalimu mstaafu nisiombe watu hela ya gazeti. Basi sikilizeni nilivyoziua kwa ulimi wangu mwenyewe.

Mkosi ulianza siku umeme ulipokatika. Luninga ikazima, watoto wakaanza kugombana gizani, Mama Zuhura akasema, "Baba Zuhura, si ulikuwa mwalimu wewe? Wasimulie hawa kitu." Nikakaa barazani na wanangu watatu. Kufumba na kufumbua, wa jirani nao wamejaa mkekani.

Ningewapa Sungura na Fisi, yakaisha. Lakini nilitaka kujionyesha. Siku hizo nilikuwa nasoma hadithi walizozipenda vibarua na vijana wa London zama za Malkia Victoria: vijitabu vya kurasa nane, maandishi ya kubanana, picha ya kutisha juu, kila wiki kwa peni moja. Kabla ya vijitabu hivyo hofu ilikaa mbali. Horace Walpole, mwaka 1764, aliiweka hadithi yake katika ngome ya Otranto huko Italia, na Mwingereza akiimaliza alilala vizuri, kwa kuwa yeye hana ngome. Watunzi wa peni moja wakaihamishia hofu mtaani, mahali anapopita kila mtu. Wakaiweka kwenye kiti cha kinyozi.

Hadithi hiyo ilianza kutoka Novemba 1846 katika gazeti la Edward Lloyd, ikaenda sehemu 18 mpaka Machi 1847, bila jina la mtunzi. Nami nikaigawa hivyohivyo, kipande kipande. Sweeney Todd ni kinyozi wa Fleet Street. Baharia mwenye mkufu wa lulu mfukoni anaingia kunyolewa, hatoki. Mbwa wake amebaki mlangoni, anafukuzwa haondoki.

"Tuishie hapo," nikasema. "Kesho, Mungu akipenda."

Kelele zilizopigwa zilinifanya nijione Edward Lloyd mwenyewe.

Usiku wa pili umeme ulikuwapo, luninga ikajitazama peke yake. Nikatoa siri ya kiti: kinyozi anajitia kwenda chumba cha nyuma, anavuta komeo, sakafu inapinduka, mteja anakwenda shimoni kichwa chini, na kiti kingine kama kile kinapanda kukaa mahali pake. Usiku wa tatu nikawapeleka Bell Yard, duka la Bibi Lovett, ambako makarani wa mawakili hugombea pai za nyama kila adhuhuri. Nikawanusisha uvundo ndani ya kanisa la St Dunstan's, ambao hakuna ajuaye unatoka wapi. Nikawaonyesha na mpishi aliyefungiwa jikoni chini ya ardhi. Nyama ya pai inatoka wapi, sikusema. Nikakata hapo.

Mtoto mmoja akageuka taratibu, akatazama meza ya sambusa.

Jumamosi nikampeleka mwanangu wa kiume kunyoa. Kinyozi wa mtaa wetu ni kijana mpole, ila kiti chake cha kulaza ni cha mtumba, na mahali pa skrubu ameweka waya. Akamfunga shuka shingoni, akanyoa upande wa kushoto, akasema, "Subiri, nachukua spiriti," akaingia nyuma ya pazia. Waya ukakatika. Kiti kikalala chali.

Mimi nilikuwa nje naongea siasa. Nilichoona ni mwanangu akipita kama mshale, nusu kipara, shuka ikipepea nyuma, analia: "Tunapelekwa kwenye sambusa!" Alikimbia hadi nyumbani, akajificha chini ya meza ya mama yake. Akakumbuka ni meza ya nini. Akatokea upande wa pili, mbio zilezile.

Jioni hiyo zilibaki sambusa 90.

Hakuna mtu mzima aliyeamini, na nilipouliza kila mtu aliniapia kwamba leo tu tumbo limemsumbua. Ndipo nikafahamu walichokijua wale wa peni moja. Mshikaki unauona ulivyo. Sambusa, kama pai, imefungwa. Unayekula unamwamini aliyefunga. Na kwa kinyozi hali ni hiyohiyo, unamkabidhi shingo mtu mwenye wembe kisha unafumba macho. Hofu ikishaingia katika vitu viwili hivyo, huwezi kuifukuza kwa kusema Italia ni mbali.

Usiku nikawekwa kitako. Upande mmoja Mama Zuhura, upande mwingine mama mkwe, na kinyozi kasimama mlangoni.

"Shikamoo mwalimu," akasema kinyozi kwa huzuni. "Tangu mwanao akimbie, sijashika hata kichwa kimoja."

"Marahaba. Mwanangu, hadithi ile ni ya kutungwa, ilitoka mwaka 1846..."

"Nani kakuuliza mwaka?" akakata Mama Zuhura.

Mama mkwe akatikisa kichwa. "Sisi utotoni tuliogopeshwa na mumiani, wanyonya damu. Jua likizama hatutoki. Na hakuna hata mmoja wetu aliyepata kumwona."

Hukumu ikapita. Kesho yake nikanyolewa hadharani, kiti kimetolewa barabarani, kisha nikasimama mbele ya meza nikala sambusa tisa, moja baada ya moja. Watu walitazama kwa makini. Hakununua mtu.

Magharibi watoto wakaja, wakasimama mbali, upande wa pili wa njia. Mmoja akapaza sauti: "Mwalimu, na yule mpishi aliyefungiwa jikoni chini ya ardhi, ikawaje?"

Nikamtazama Mama Zuhura nikidhani atawafukuza. Akafuta mikono kwenye kanga. "Hadithi inaendelea leo," akatangaza. "Barazani anaingia mwenye sambusa mkononi. Na nyama naikata hapahapa, mbele yenu."

Akaleta ubao na kisu chini ya taa, akakata, akasaga, akatia kitunguu na bizari, akafunga, akakaanga. Wakasogea, kwanza kuona, kisha kununua. Nikawamalizia: mpishi anajipakia kwenye lifti ya pai badala ya pai, anachomoza juu ya kaunta katikati ya wateja, anawatajia nyama wanayokula. Watoto wakapiga ukunga, sambusa mdomoni. Hakuna aliyetema.

Lloyd alitajirika kwa biashara hiyo, na mwaka 1896, yeye ameshakufa, gazeti lake jingine la kila wiki lilikuwa likiuza nakala milioni moja. Aliyemtunga Sweeney Todd hakuandikwa hata jina. Kwetu nako ni hivyo: nasimulia mimi, anahesabu Mama Zuhura, na siku hizi ndiye anayenikonyeza nikate wapi. Tumeanza Varney, mnyonya damu wa mwaka 1845, mwenye sura zaidi ya 200. Kwa makadirio ya mke wangu atatufikisha muhula ujao wa ada.

Kinyozi nimemnunulia skrubu nne.