Sifa za Tinker Bell, Fundi wa Sufuria

Watunzi wa kasida wamekwisha kuwasifu mitume, masultani na warembo wa kila pwani. Leo mimi namsifu kijini mmoja mchokozi, mwenye wivu na matusi, asiyezidi urefu wa mkono wako kutoka kifundo hadi ncha za vidole. Anaitwa Tinker Bell. Wahenga walionya kuwa mgema akisifiwa tembo hulitia maji, lakini kwa huyu sina hofu: tembo lake lilikuwa maji tangu siku ya kwanza.

Kwao ni Neverland, kisiwa alichokibuni Mskochi J. M. Barrie katika mchezo wa kuigiza wa Peter Pan, uliopanda jukwaani London tarehe 27 Desemba 1904, kisha akakirudia katika riwaya ya 1911. Wengi wetu tunamjua kwa filamu ya Disney ya 1953, nywele za dhahabu na kiuno cha nyigu. Huyo simsemi. Wangu ni yule wa Barrie, ambaye riwaya inasema wazi kuwa alikuwa ameanza kunenepa, na ambaye jukwaani hakuwa na mwili kabisa. Alikuwa mwanga tu, uliorushwa kwa kioo na mtu aliyejificha, ukirukaruka ukutani. Alipozungumza, zililia kengele. Nionyesheni mwigizaji mwingine aliyewafunika wenzake wote na hali hana hata uso.

Nianze na kazi yake, maana ndiyo isiyotajwa. Kisiwa kile kimejaa maharamia wanaowinda watoto, watoto wanaowakimbia maharamia, na Peter Pan mwenyewe, ambaye shughuli yake kubwa ni kujisifu. Mlo wenyewe mara nyingine ni wa kujifanya tu, watu wanatafuna hewa na kusema wameshiba. Katikati ya porojo hizo kuna fundi mmoja, naye ni huyu: anaziba sufuria na mabirika yaliyotoboka.

Kisha mwanga wake. Hawezi kuuzima, huzimika wenyewe anapolala. Usiku ule Wendy na nduguze, watoto wa akina Darling, walipokuwa wakiruka angani na Peter kuelekea kisiwani, maharamia walikuwa wamekwisha kuwaona kabla ya giza na kutega mzinga, na mwanga wake ungewaonyesha mahali pa kulenga. Wendy akaomba taa izimwe. Haizimiki. Ikabidi fundi wetu atiwe ndani ya kofia ya John, mmoja wa ndugu hao, na kubebwa kama maandazi ya magendo. Wasomaji wengi humwona hapo kuwa mzigo. Sawa, ni mzigo, lakini ni mzigo usioweza kumvizia mtu gizani.

Na hapo ndipo penye sifa yake kuu. Barrie anaeleza kuwa vijini ni wadogo mno, kiasi kwamba ndani yao hamna nafasi ya hisia mbili kwa wakati mmoja. Akiwa mwema ni mwema mpaka kucha, akiwa mbaya ni mbaya mpaka kucha. Wendy alipoingia katika maisha ya Peter, Tinker Bell alimvuta nywele. Kisha akawatangulia kisiwani akawaambia watoto wa huko, wale waliopotea, kwamba Peter ameagiza Wendy atunguliwe, na Tootles, mtoto mtiifu maskini, akaachia mshale. Wendy aliokolewa na kifungo alichokuwa amevaa shingoni. Kwetu pwani mwanamke mwenye la kumwambia mke mwenzake hununua kanga, akajifunga na kupita polepole mbele ya baraza, jina la kanga limalize kazi. Vazi la Tinker Bell ni jani lililobaki mishipa. Halina mahali pa kuandika jina.

Peter akamfukuza maisha. Wendy, aliyekuwa ndiyo kwanza ameponea mshale, akamwombea, na adhabu ikashuka hadi juma moja. Mtu mwingine angelia, angeshika miguu, angesema dada nisamehe. Yeye, asema Barrie, hakuwahi kutamani kumfinya Wendy kama dakika ile. Nimehudhuria harusi ambako mahasimu walibusiana mashavu mara tatu mbele ya kamera, na nikamkumbuka kwa heshima.

Ni huyu huyu aliyekunywa sumu. Kapteni Hook, mkuu wa maharamia, alikuwa ametia matone matano katika dawa ya Peter. Tinker Bell akamwonya, Peter hakuamini, akainua kikombe. Kijini akaruka katikati akainywa yote. Hakutoa hotuba. Mwanga ulipoanza kufifia, Peter akawaomba watazamaji wapige makofi ikiwa wanaamini kuna vijini. Usiku wa kwanza Barrie aliogopa ukumbi utanyamaza, akapanga na wapiga muziki waanze wao. Ukumbi haukungoja, na Nina Boucicault aliyeigiza Peter akatokwa na machozi. Katika riwaya wako pia waliozomea. Alipopona, hakufikiria hata kuwashukuru waliopiga makofi; alichotaka ni kuwapata wale waliozomea. Mnaona? Hata kaburini angeingia na daftari la madeni.

Makofi hayo yamekuwa na kazi nyingine tangu 1929, Barrie alipoipa hospitali ya watoto ya Great Ormond Street haki zote za Peter Pan. Kwa hiyo kijini aliyejaribu kumuua mtoto mmoja amechangia matibabu ya watoto wasiohesabika. Tumsamehe mshale.

Peter yeye alilipa kwa mateke, kama punda. Katika riwaya, mwaka mmoja baada ya safari ile ya kisiwani, Wendy alimtaja Tinker Bell, naye Peter akauliza ni nani huyo. Alipoelezwa, akasema vijini wako wengi sana, labda huyo hayupo tena. Basi. Katika bustani ya Kensington, London, kuna sanamu iliyochongwa na George Frampton, ipo tangu 1912: Peter kasimama juu anapuliza zumari, na chini yake wamejazana sungura, panya na vijini. Ningekuwa na madaraka pale, ningemteremsha Peter akae na panya, juu nikaweka taa.