Nkt! Miwani ya Nini na Picha Inakwama?

Nkt! Hapa kijiweni karibu na steji ya Machakos, kijana akitaja EA Sports WRC, ule mchezo wa video wa rali, mazungumzo yote ni miwani ya VR. Ati sasisho la Aprili 2024 liliileta, unaivaa unajiona umeketi ndani ya gari la mashindano. Sawa, ililetwa, tena kwa majaribio na kwa wanaochezea kompyuta. Haya, nani hapa anayo?

Mimi Codemasters, waliouunda mchezo huo, nawasifia jambo lisilo na mbwembwe. Mchezo ulipotoka Novemba 2023, kwenye kompyuta picha zilikuwa zikikwamakwama. Wakarekebisha, sasisho baada ya sasisho, na hali ikaimarika. Hilo ndilo la maana, wee! Gari likienda kilomita 120 kwa saa, nusu sekunde ni karibu mita 17. Picha ikiganda pale Soysambu, kwenye njia ya Safari Rally mchezoni, mwelekezi ameshakutajia kona, nawe bado unaona barabara iliyonyooka. Ikifunguka, uko kwenye mti. Kosa si lako, na hukujifunza kitu.

Tena Safari Rally yetu ya Kenya si lami ya Ulaya. Ile feshi-feshi ya Naivasha, vumbi laini la volkano, huficha mawe na mitaro, na dereva huisoma njia kwa macho na mikono kwa pamoja. Sisi vumbi tunalijua. Magari ya mbio za kitaifa yameshapita huku Lukenya tukiwa tumesimama kando tunalimeza.

Na Codemasters hawakuijua Kenya jana. Colin McRae Rally 2.0 ya mwaka 2000 ilikuwa na barabara zetu. Ndiyo maana iliniuma waliposema mwaka 2025 kwamba nyongeza iliyotoka wakati huo ndiyo ya mwisho, na mipango ya michezo mingine ya rali imesimamishwa. Kwa hiyo huu tulio nao ndio tutakaoucheza kwa muda mrefu.

Sasa ninyi wenye vibanda vya michezo hapa mjini, mnakera, nkt! Mnamtoza kijana pesa ya saa nzima kwenye toleo la siku ya kwanza kwa sababu mnabania bando? Pakueni masasisho yote, hata kama ni usiku bando likiwa rahisi. Na mkipata pesa, achaneni na miwani. Nunueni usukani na pedali, vijana wajifunze kushika gari.