Namna ya Kutunga Sauti za Filamu ya Kericho Bila Ngoma za Simba

Kwanza futa zile ngoma. Unazijua: mashamba ya chai yanaonekana kutoka angani, mara ngoma zinanguruma, filimbi inalia, na mtazamaji anakaa mkao wa kumngoja simba. Simba afuate nini kwenye chai? Wako Mara.

Kisha beba kinasa sauti, simama chini ya paa la mabati wakati wa alasiri, ungoje mvua ya mawe. Hutakaa sana, ukanda huu ni kati ya sehemu zinazopigwa na mawe hayo mara nyingi zaidi duniani. Ukifika nyumbani, punguza kasi ya ulichorekodi hadi nusu. Sauti itashuka oktavu nzima, na utakuwa na mngurumo ambao hakuna ngoma ya kuutoa. Wakikuambia huo si muziki, wajibu kwamba mwaka 1944, kule Cairo, mtunzi Halim El-Dabh alirekodi kwenye waya shughuli ya kupunga pepo, akazichezea sauti zake mpaka zikawa utunzi. Hiyo ni miaka 4 kabla ya Mfaransa Pierre Schaeffer kutunga kwa sauti za treni.

Sasa ingia shambani. Sogeza maikrofoni kwenye vidole: majani mawili na chipukizi, tak, kapuni. Ng'ambo ya barabara mashine ya kuchuma inavuma na kumeza kila kitu. Mei 2023 waandamanaji walichoma mashine za aina hiyo hapa Kericho, kwa uchungu wa kazi zilizowatoka mikononi. Kwa hiyo usiifanye kelele ya pembeni. Anza na vidole, vingi, vya watu wengi. Ingiza mashine taratibu mpaka vidole visisikike tena. Usithubutu kuweka fidla ya huzuni. Aliye na shangazi aliyebeba kapu hahitaji kuelekezwa pa kulia.

Kuhusu waimbaji, hapa nakaza. Mwaka 1950 mkusanyaji wa muziki Hugh Tracey aliwarekodi wasichana wa Kipsigis kijijini Kapkatet wakiimba "Chemirocha", yaani Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani ambaye sauti yake ilikuwa imefika huku kwa santuri. Wimbo ukazunguka dunia. Kijijini rekodi ilirudi baada ya miaka zaidi ya 60. Hatuwezi kuwafanyia watu hivyo tena, nasi tuna simu mfukoni.

Basi ukimrekodi mama akitikisa kibuyu cha mursik, yaani maziwa lala, au mzee akipiga kinubi cha chepkong, mlipe siku hiyohiyo. Jina lake liandike mwishoni mwa filamu kwa herufi zenye ukubwa sawa na za jina lako. Filamu ikiisha, ioneshe Kapkatet, Litein na Bomet kabla ya Nairobi, na ukodishe spika nzuri.